Magwanda ya Rangi ya Mawese

Barua ya kukataza kitambaa cha kijani ilifika sokoni Mwanga siku ya Jumanne, saa nne asubuhi, wakati Inamahoro, fundi cherehani, akifungua jora kibandani kwake. Aliileta Pastory mwenyewe, mratibu wa mradi, akiwa ameikunja mara nne ndani ya mfuko wa shati. Barua ilieleza kwa upole kwamba raia haruhusiwi kuvaa nguo inayofanana na ya jeshi, hata kama anaigiza askari, na hata kama askari anayeigizwa ndiyo kwanza anauacha uaskari. Ilieleza pia kwamba bunduki ya mbao ni bunduki.

Pastory aliuliza kama kuna rangi isiyovaliwa na jeshi lolote duniani. Inamahoro alifikiri kidogo, kisha akashusha jora la rangi ya mawese, ile rangi nyekundu ya chungwa ambayo mafuta huwa nayo yakiwekwa juani kwenye chupa. Jora lilikuwa limekaa kibandani miaka mitatu bila mtu wa kuliulizia. Pastory alilitazama kwenye mwanga, akasema hiyo itapita. Kuhusu bunduki, waigizaji wangebeba makasia. Yangeazimwa kwa wavuvi wa Kibirizi, na wa kuyaazima angekuwa Bonifasi, mume wa Inamahoro, aliyekuwa fundi wa injini za boti huko huko ufukweni.

Shirika lenye mradi liliitwa Daraja Jema. Ofisi zake zilikuwa mbali, na ombi la mradi liliandikwa huko huko mbali. Ombi hilo lilisema kwamba Kigoma kuna askari wa zamani ishirini ambao bado hawajarudi uraiani sawasawa, na kwamba wakiimba watarudi. Kwa hiyo kungekuwa na onesho liitwalo Karibu Uraiani: nyimbo tisa, ngoma mbili na vichekesho vinne, kuanzia askari anaposhuka kwenye boti na begi lake, mpaka anapopokelewa na mke, anapotafuta kazi, na anaposhindwa kulala kwenye godoro. Tangazo la kuwaita askari wenyewe lilibandikwa wiki tatu kwenye mbao za matangazo za kata zote. Hakutokea mtu. Waliopigana kweli walikuwapo, wachache, lakini walikuwa wametumia miaka ishirini kuhakikisha jirani hajui.

Pastory alikuwa na tarehe ya kutimiza. Alikwenda kwa Mwalimu Telesphory, mtunzi na kiongozi wa kwaya, ambaye alikuwa na waimbaji kumi na wanane na hakuwa na onesho. Waliongeza wapiga ngoma wawili kutoka Ujiji, wakawa ishirini. Kila mmoja alijaza fomu kwamba ni askari wa zamani. Kwenye swali la vita gani, wote waliandika kama walivyoelekezwa: vita fulani.

Inamahoro hakujaza fomu. Alikuwa mmoja wa wale wachache. Alichukuliwa shuleni huko Burundi akiwa na miaka kumi na sita, akabeba masanduku ya risasi, baadaye akabeba bunduki, na alipofika miaka kumi na tisa alivuka mto Malagarasi akaja upande huu. Alijifunza kushona, akaolewa na Bonifasi, Muha wa Mwamgongo, mtu asiyeuliza maswali isipokuwa kwa injini. Kiha na Kirundi vinasikilizana, kwa hiyo Mwanga walimchukulia kuwa mtu wa Kasulu, naye hakuwasahihisha. Alikuwa amekuja na risasi kwenye paja la kushoto, mkono wa kulia usio na kidole cha shahada, na mambo mengine ambayo hayaonekani mtu akiwa amevaa. Nguo alizikata kwa kushika mkasi kwa gumba na kidole cha kati. Wateja walidhani ndivyo ufundi ulivyo.

Wa kwanza kuja kupimwa alikuwa Elia kinyozi. Alikuwa amepewa nafasi ya askari mwenye jeraha la mguu, na wakati anasubiri kupimwa alifanya mazoezi ya kuchechemea katikati ya majora, Mwalimu Telesphory akimwangalia. Alikuwa anauburuta mguu kama mtu aliyekanyaga mwiba. Inamahoro, pini zikiwa mdomoni, alivumilia mizunguko mitatu.

"Mguu wenye risasi hauburutwi hivyo," alisema. "Unaanzia kiunoni. Unauzungusha kama unafungua geti zito."

Telesphory alimuuliza amejuaje.

Katika miaka ishirini na tatu alikuwa mtu wa kwanza kumuuliza swali hilo. Inamahoro alitoa pini mdomoni akazichomeka kwenye mkono wa blauzi, akaeleza: kilima, mvua, shamba la mahindi lililokuwa limeshavunwa, risasi iliyoingia bila kelele kama kitu kinachorudi mahali pake, na namna baridi ya asubuhi inavyoipata risasi kabla haijaipata ngozi. Maelezo yote yalichukua muda wa kupima suruali moja.

Kesho yake Elia alikuja akichechemea kuanzia kiunoni. Risasi ilikuwa kwenye paja lake. Alikuwa amepitia hospitali kupigwa picha, na ile picha alikuja nayo ili Mwalimu aione. Daktari alikuwa amemwandikia dawa za maumivu na kumshauri asisimame muda mrefu, jambo gumu kwa kinyozi. Mkewe alinung'unika, maana kulikuwa na bati la jikoni lililokuwa linamsubiri apande. Telesphory aliiinua picha juani, akaiangalia, akasema sasa mguu umekaa vizuri.

Inamahoro naye alikuwa ameamka bila risasi. Alipapasa paja mara mbili, akakuta nyama laini. Asubuhi hiyo alipanda kwa miguu kutoka Kibirizi hadi Mwanga, mlima wote, bila kupumzika mahali. Alipomwambia Bonifasi kwamba mguu umekwenda kwa Elia, Bonifasi alifuta mikono yenye grisi, akasema Elia bado ana nguvu, ataweza.

Habari ilifika kwa wengine siku hiyo hiyo. Elia alikuwa mwimbaji wa kawaida tu, sauti yake ya tatu haikuwahi kusifiwa na mtu, lakini kwenye mazoezi ya Jumatano alipopita jukwaani akiwa na mguu ule hata wapita njia walisimama. Wenzake wakaanza kuja kibandani kwa Inamahoro kuulizia vipimo vyao vilivyokwisha chukuliwa. Walikaa kwenye benchi, wakazungumza habari za hali ya hewa, kisha wakauliza kama hana kitu.

Alikuwa navyo. Thobias, ambaye Jumamosi na Jumapili huwa mwamuzi wa mpira, alipewa hofu ya filimbi. Kule porini filimbi ilikuwa ndiyo amri ya kushambulia, na Inamahoro tangu wakati huo alikuwa haisikii bila kulala kifudifudi. Alishawahi kulala kifudifudi mbele ya trafiki pale mzunguko wa barabara, akasema ameangusha sindano. Sasa alimweleza Thobias jambo lote, naye Jumapili akachezesha mechi ya timu mbili za Ujiji. Kila alipopuliza alijitupa chini. Baada ya robo saa akaona ni afadhali asipulize kabisa. Mechi ilikwisha mabao saba kwa sita, bila faulo hata moja, na timu zote mbili zilisema hazijawahi kuchezeshwa vizuri kiasi hicho.

Leonia, wa sauti ya pili, aliomba kitu kinachoonekana hata na mtu aliyekaa nyuma kabisa. Akapewa kidole. Kilimtoka siku ya Ijumaa wakati anakanda unga wa maandazi, bila damu, na asubuhi ya Jumamosi Inamahoro alikikuta mkononi mwake. Kilikuwa kidole cha msichana wa miaka kumi na saba, chembamba, laini, bila sugu. Mkasi ulikishangaa. Ilibidi akifundishe kushika kitambaa kama unavyomfundisha mwanafunzi mpya, na kwa siku mbili magwanda mawili yalikuwa na mshono uliopinda.

Vingine alivitoa hata bila kuombwa. Kukaa wakati wote mgongo ukiwa ukutani kulikwenda kwa mpiga ngoma wa kwanza. Harufu ya nywele zinazoungua ilikwenda kwa mke wa mpiga ngoma wa pili, aliyekuja kumchukulia mumewe gwanda. Baadaye akaipeleka nyumbani, wakagawana. Inamahoro alijisikia mwepesi, na pia aliona haya kidogo, kama mtu anayewapa majirani nguo zilizotoboka huku wakimshukuru. Lakini walishukuru kweli. Na onesho lilikuwa linanoga kila siku. Pastory alipiga picha, akazituma ofisini mbali, na ofisi ikajibu kwamba haijawahi kuona wanufaika wenye uhalisia wa namna ile.

Wiki iliyofuata vyeti vilifika kwa treni, kwenye sanduku, pamoja na fulana na kofia. Pastory alivipitisha kibandani kwa Inamahoro kwa sababu ndipo palipokuwa na meza safi. Inamahoro alisoma kimoja. Kilikuwa na nembo ya daraja na maandishi ya dhahabu: Inathibitishwa kwamba, halafu nafasi ya jina, halafu amerudi rasmi uraiani.

Alikisoma mara ya pili. Miaka yote hiyo alikuwa amelipia kibanda, amezaa watoto wawili, amemzika mama mkwe wake kule Mwamgongo na kukaa matanga, lakini hakuna mtu aliyewahi kumwambia kwamba amesharudi. Wakati mwingine, akiwa amekaa kwenye cherehani, alikuwa anasubiri kuitwa. Alimuuliza Pastory kama naye anaweza kupata kimoja.

Pastory hakuwa mtu mbaya. Alifungua faili palepale.

"Fomu inataka alama, mama. Risasi, kovu, chochote kinachoonekana."

"Nilikuwa nayo risasi."

"Sasa iko wapi?"

"Kwa Elia."

Pastory alifunua kurasa, akakuta jina la Elia na ile picha ya paja. Akasema kwa masikitiko kwamba risasi hiyo imeshasajiliwa, na mradi hauwezi kuhesabu risasi moja mara mbili. Akaomba kuona mkono. Inamahoro alimwonesha, vidole vitano. Pastory alimpulizia filimbi ya mdomo, Inamahoro akabaki amekaa. Pastory akafunga faili. Alimweleza kwamba isitoshe, kwenye vitabu vya mradi yeye ameandikwa kama mzabuni wa nguo, na mzabuni hawezi kuwa mnufaika. Huo ni utaratibu, na umewekwa kuzuia watu wasio waaminifu.

"Mwili wako mzima kabisa," alisema. "Shukuru Mungu."

Inamahoro alivipanga vyeti vizuri kwenye sanduku, akalifunga kwa kamba.

Lakini bado alikuwa amebaki na kitu kimoja, na hicho hakuwa amemtajia mtu. Alikuwa na Kabura.

Kabura alikuwa mwenzake wa porini, mdogo wake kwa mwaka mmoja. Siku waliyokuwa wanakimbilia mpakani alipigwa risasi ya tumbo, na Inamahoro akambeba mgongoni tangu alfajiri mpaka jua lilipopinda. Kabura alikuwa mtu wa mzaha. Nia yake ilikuwa kuwa mtangazaji wa redio, na porini alikuwa akiwatangazia wenzake mechi ambazo hazipo, kwa kunong'ona, ili adui asisikie matokeo. Hata siku ile alitangaza mgongoni pale karibu kipindi cha kwanza chote. Alinyamaza walipoyaona mafunjo ya Malagarasi. Inamahoro alimlaza kwenye mafunjo, akamfunika kwa majani, akavuka mto peke yake. Alipokanyaga ng'ambo, Kabura alikuwa mgongoni tena. Hakumshusha tangu hapo. Hakuonekana, ila mizani ya kliniki ilimwona: kila alipopimwa uzito akiwa mjamzito, muuguzi aliandika kilo za watu wawili wazima na kumshauri apunguze mawese. Sokoni walidhani anatembea ameinama kwa sababu ya cherehani.

Mwalimu Telesphory alikuwa na shida na wimbo wa tisa, ule wa kufunga. Ulihitaji kuliza watu. Wageni wangefika Jumamosi, na leo ilikuwa Jumatano. Alikuja, akakaa kwenye benchi, akauliza kama kweli hakuna kingine. Inamahoro alisema hakuna, akaendelea kushona vifungo.

Alhamisi mchana alikuja Bariki. Alikuwa fundi wa simu, meza yake ikitazamana na kibanda cha Inamahoro, na ndiye aliyekuwa na sauti nzuri kuliko wote, kwa hiyo ndiye aliyepewa wimbo wa mwisho. Lakini hakuwa na kitu. Hakuwahi kuja kuomba, kwa aibu, na sasa katika askari ishirini yeye peke yake alikuwa mzima. Wenzake walikuwa wameanza kumwita raia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, Bariki. Gwanda linabana?"

"Halibani. Limenikaa vizuri mno." Alijitazama kwenye kioo cha kibandani. "Nikisimama nao naonekana kama nimekuja harusini."

Inamahoro alikata uzi kwa meno. Alimtazama Bariki muda mrefu, mabega yake hasa. Kisha akageuza kichwa nyuma kidogo na kuuliza jambo kwa Kirundi, taratibu, akangoja jibu.

"Anauliza kama kutakuwa na vipaza sauti," alimwambia Bariki.

"Vinne," Bariki alisema. "Vile vikubwa."

Inamahoro alirudisha jibu nyuma, akasikiliza. Kisha akamwambia Bariki kwamba kitu alichobaki nacho si jeraha, ni mtu, na kwamba angempa kwa sharti moja. Tangu siku ile jina la mtu huyo halijatajwa kwa sauti popote. Mama yake hakuambiwa alipolala. Hata yeye Inamahoro hakuwahi kulitaja, kwa kuwa hakukuwa na wa kumtajia.

"Utalitaja mbele za watu?"

"Nitalitaja."

"Lote. Kabura wa Nshimirimana."

Bariki alilirudia mara mbili mpaka likakaa vizuri mdomoni. Inamahoro akamweleza, tangu alfajiri mpaka mafunjo. Alieleza polepole kuliko alivyoeleza kitu kingine chochote, akirudi nyuma kila alipohisi ameruka mahali, kwa sababu alijua kinachofuata. Alipofika mtoni alichomeka sindano kwenye kitambaa. Halafu akavuka.

Bariki magoti yalimpinda. Alipeleka mikono nyuma, akashika, akajiweka sawa. Inamahoro alinyooka. Aliona juu ya kabati kulikuwa na boksi la zipu ambalo hakuwahi kuliona, na uso wake ukawa na utulivu wa mtu aliyeamka usingizi wa mchana. Alimwona Bariki amesimama mbele yake, akamuuliza amefuata nini.

"Gwanda," Bariki alisema.

"Limekukaa vizuri," alisema Inamahoro.

Mazoezi ya mwisho yalifanyika Ijumaa. Bariki aliimba wimbo wa tisa, akataja jina lote, na Pastory akasimamisha ngoma. Alieleza kwamba wimbo ni mzuri sana lakini jina haliwezi kubaki. Likitajwa, mtu atauliza Kabura yupi, wa upande gani, aliyepigwa na nani, na vita fulani haina pande. Walitafuta neno la kuweka. Mwalimu Telesphory ndiye aliyegundua kwamba Kabura na rafiki yote ni silabi tatu, kwa hiyo la baba likiondolewa hakuna nota nyingine ya kubadilisha.

Jioni Bariki alikwenda kibandani, amebeba mzigo wake, akamwambia Inamahoro kwamba jina limeondolewa. Alisema ameahidi na sasa hajui afanye nini. Inamahoro alikuwa anapiga pasi gwanda la mwisho. Alimsikiliza kwa adabu hadi mwisho, kama mtu anavyosikiliza habari za ukoo wa wengine, akasema rafiki nalo ni neno zuri. Bariki aliuweka mzigo sawa mgongoni. Kisha akaaga.

Onesho lilifanyika Ujiji, uwanjani, saa tisa alasiri. Wageni walikaa chini ya maturubai, familia za wanufaika kwenye viti vya plastiki, na watu wengine wote walisimama nyuma ya kamba. Inamahoro na Bonifasi walisimama nyuma ya kamba. Ofisa mmoja alipita kuangalia rangi ya magwanda, akahesabu makasia, akaridhika.

Ilikuwa kazi nzuri, hakuna aliyebisha. Elia alishuka kwenye boti ya maboksi, mguu wake ukizunguka kutoka kiunoni, na wanawake wakashika tama. Leonia alipunga mkono wenye vidole vinne wakati wa wimbo wa kupokelewa. Katika kichekesho cha kutafuta kazi, mwajiri alipuliza filimbi, na Thobias akajitupa chini mara saba. Watu walicheka mpaka wakashikana. Mkurugenzi wa shirika, aliyekuwa mgeni rasmi, alimwomba Pastory kichekesho hicho kirudiwe, na kikarudiwa.

Kwenye wimbo wa tisa Bariki alitoka peke yake, na watu wote wakamwona Kabura. Alikuwa kijana mwembamba, shati limelowa mbele, mikono yake imepita shingoni mwa Bariki na miguu inaning'inia. Mwalimu Telesphory alihesabu, akapata ishirini na mmoja, akawaza habari ya chakula. Bariki aliimba ubeti wa kwanza na wa pili vizuri sana. Alipofika mahali pa jina alifungua mdomo, na neno rafiki halikutoka, wala jingine. Kabura aliinama mbele, juu ya bega lake, akakifikia kipaza sauti. Alikohoa kidogo kama watangazaji wanavyokohoa.

Telesphory aliinua mkono, ngoma zikaingia.

Ziliingia zote pamoja, na vipaza sauti vyote vinne vilijaa ngoma. Kabura alikuwa anaongea. Aliongea muda mrefu, akinyoosha mkono mara kulia mara kushoto, midomo yake ikienda mbio, akatabasamu mahali fulani kama mtu aliyefunga bao. Hakuna aliyesikia neno. Watu walilia. Mkurugenzi alitoa leso. Wimbo ulipokwisha, uwanja mzima ulisimama, na waliokuwa wamesimama tangu mwanzo walinyanyua mikono juu ili ijulikane kwamba nao wamesimama.

Inamahoro alipiga makofi kama wengine. Aliona wimbo ni mzuri, ingawa ngoma zilikuwa za juu mno. Kule jukwaani, kijana aliyebebwa alikuwa amegeuza uso upande wao.

"Yule ni mtoto wa nani?" alimuuliza Bonifasi.

"Simjui," Bonifasi alisema. "Anakutazama wewe."

Inamahoro aligeuka nyuma kuangalia ni nani anayetazamwa. Kulikuwa na ukuta tu.

Mkurugenzi alitoa hotuba fupi. Alisema ameona kwa macho yake watu wakirudi uraiani. Alimsifu hasa kijana aliyeigiza marehemu, akasema hajawahi kuona mtu akiigiza marehemu kwa utulivu ule, akauliza kama naye amepata fulana. Hakuwa amepata. Ililetwa, akavishwa juu ya shati lake lililolowa. Kisha vyeti viligawiwa, kimoja baada ya kingine, kwa kuitwa majina. Vilikuwapo vitupu vya akiba, na Pastory, mtu asiyekwama, alichukua kimoja akakijaza palepale juu ya goti lake. Kilisomeka: Inathibitishwa kwamba Rafiki amerudi rasmi uraiani. Kabura alikisoma, akakigeuza kuona kama nyuma kuna maandishi, akamkabidhi Bariki amshikie.

Ripoti ya mradi iliandikwa Jumapili. Ilisema lengo lilikuwa ishirini na mafanikio ni ishirini na mmoja. Jumatatu saa mbili asubuhi Pastory alifika kibandani na habari kwamba onesho limealikwa Tabora na Dodoma, linaondoka kwa treni ya Alhamisi, na kwamba awamu ya pili imepitishwa. Kungekuwa na askari wengine arobaini. Aliagiza magwanda arobaini, rangi ileile, akauliza kwa heshima kama Inamahoro anamfahamu mtu yeyote mwenye mambo ya kusimulia, maana waimbaji wapo. Inamahoro alisema pole, yeye hajui habari za vita.

Saa nne Bariki alivuka njia kutoka mezani kwake, amembeba Kabura. Alikuwa amekonda kidogo na alikuwa ameanza kuinama. Alieleza kwamba mwenzake ana fulana tu na suruali iliyooza. Hawezi kusafiri hivyo. Alimshusha taratibu kwenye benchi.

Inamahoro alichukua tepu. Alipima urefu, akapima paja. Alipoizungusha kiunoni ilirudi na unyevu mwekundu. Aliipangusa kwa kitambaa, akaendelea kupima, maana fundi hamuulizi mteja habari za mwili wake.

"Hapo tumboni uache nafasi," Kabura alisema.

"Nitaacha."

Wakati anapimwa, Kabura alikuwa ananong'ona. Mpira ulikuwa upande wa kulia, unakwenda, mchezaji namba saba amemwacha beki wa kwanza, amemwacha wa pili, amejikwaa kwenye shati lake mwenyewe. Inamahoro alicheka hadi akapoteza kipimo, ikabidi aanze upya. Alimwambia anafaa redioni.

"Nimeshaambiwa," Kabura alisema.

"Jina nani? Niandike, nguo zisije zikachanganyika."

"Kabura."

Alikata kipande cha karatasi, akaandika. Akasema jina hilo wako wengi, akamuuliza na la baba. Kabura alimtazama kwanza. Kisha akasema Nshimirimana, na Inamahoro akaliandika nalo, herufi kwa herufi, akaichoma karatasi kwa pini kwenye kitambaa. Alimwambia suruali itakuwa tayari Jumatano mchana.

Bariki aliinama, Kabura akapanda. Akiwa juu pale alikuwa mrefu kuliko fremu ya kibanda, na Inamahoro, aliyekuwa ameshageukia mkasi, alimwona kwa pembe ya jicho.

"Inamisha kichwa hapo mlangoni, mwanangu."

Kabura aliinamisha. Walitoka nje, na watu wa sokoni wakawapisha njia, kama wanavyompisha mtu yeyote mwenye mzigo.